Anayesoma Hashoni

Wenzake walivivalisha vitabu vyao magazeti, kama watu waliobeba mali ya wizi. Yeye hakufunika chochote. Alitembea na kitabu mkononi kutoka nyumbani hadi karakana, jalada likitazama nje, na jaladani mwanamume mwenye ndevu zilizoanza mvi amemshika mtoto mkono, nyuma yao msichana amesimama mlangoni, anasita. Anayetaka kutazama atazame. Anayetaka kucheka, meno ni yake.

Karakana ilikuwa ghorofani, juu ya duka la matairi, chumba kirefu chenye madirisha upande mmoja tu, na humo wanawake walishona sare za shule mwaka mzima. Asubuhi ilikuwa ya cherehani. Alasiri cherehani zilizimwa, viti vikasogezwa kwenye mwanga, ikaanza kazi ya mkono: vifungo, pindo, kukata nyuzi zinazoning'inia. Kazi ya aina hiyo huchosha akili kuliko vidole. Ndiyo maana siku moja, zamani, mtu alikuja na kitabu, na kabla wiki haijaisha sheria ilikuwa imejizaa yenyewe: anayesoma hashoni. Mashati ya msomaji hugawanywa kwa wasikilizaji, kila mmoja akaongeza mawili matatu kwenye rundo lake, na hakuna aliyenung'unika isipokuwa msomaji akiruka ukurasa.

Msomaji alikuwa yeye, na humo ndani walimwita Redio. Sauti yake ilikuwa nzito kidogo, ya mtu asiye na haraka, na alijua kutulia mahali panapouma. Mwenye karakana aliwahi kupiga marufuku kusoma. Vifungo vya juma lile vikaanza kukatika kabla shati halijavaliwa, akamrudisha Redio kitini mwenyewe, bila kueleza sababu.

Hadithi zenyewe, tusidanganyane, karibu zote zilikuwa moja. Mwanamume amevuka arobaini, mke amefariki au ameondoka, kaachiwa mtoto. Ana kazi ngumu na ulimi mzito. Anatokea msichana, muuguzi, mwalimu au mpangaji wa chumba cha uani, mdogo kwake kwa miaka mingi. Yeye anajiona mzee, msichana haoni hivyo. Watu wanasema, maana watu hawana kazi nyingine. Mwisho mlango unafunguliwa. Kila mmoja pale karakana aliujua mwisho tangu ukurasa wa kwanza, na kila mmoja alishika roho mkononi kana kwamba safari hii mlango ungeweza kugoma.

Wako wanaozicheka hadithi hizi, na wengi wao ni wale wanaokaa mbele ya televisheni wakimfokea mchezaji mpira asiyewajua wala kuwasikia. Waacheni. Bibi Pindo, mkongwe wa karakana, aliyeitwa hivyo kwa sababu pindo alilolikunja yeye hujulikana kwa macho, alikuwa na maelezo yake. Alisema kijana anakuahidi atakachokuwa, mtu mzima unamkuta amekwisha kuwa. Mama Pacha alisema mumewe hajui viatu vya wanawe ni namba ngapi, hivyo akisikia habari za mwanamume anayemkata mtoto kucha, hata kama ni wa karatasi, moyo wake unapoa. Mwingine alisema anapenda yale mabega, basi, na ng'ombe hazeeki maini. Sababu hiyo nayo ilipokewa vizuri.

Redio hakuulizwa sababu yake. Walidhani wanaijua.

Nyumbani aliishi na baba yake, fundi bomba aliyekwisha kuacha kazi, mtu wa maneno machache kiasi kwamba wageni walidhani amekasirika. Mama yake Redio alifariki mtoto akiwa hajaanza shule, na baba akabaki naye. Hakumpeleka kwa bibi, hakumgawa kwa ndugu. Alimwogesha, alimkalisha juu ya sanduku la spana akaenda naye kazini, alimsuka nywele mafundo matatu makubwa yaliyoegemea upande mmoja. Baadaye mafundo yalinyooka, kwa sababu alipata wa kumfundisha, na huyo tutamfikia. Kuzaa si kazi, kazi kulea, watu husema, halafu humgeukia mwanamume aliyeishika kazi hiyo na kumwambia aoe upesi ampate wa kuifanya.

Baba alikuwa na tabia moja iliyomkera Redio tangu utotoni. Yakianza maneno ndani ya nyumba, aliinuka akaenda uani kukaza bomba. Bomba likivuja, lisivuje, alilikaza. Na aliyeleta maneno ndani ya nyumba ile, mara nyingi, alikuwa shangazi.

Shangazi, dada mkubwa wa baba, aliwapenda watu wake kwa kuwasukuma. Redio alikuwa amevuka thelathini bila kuolewa na alikuwa amewakataa wachumba wawili, mmoja kwa sababu siku ya kwanza tu alimtangazia kwamba yeye hali chakula kilichopoa, kana kwamba kuna aliyemuuliza. Shangazi alitafuta mchawi wa jambo hilo kwa muda mrefu. Akampata kwenye rafu juu ya televisheni. Alichomoa kitabu kimoja kwa vidole viwili, kama anayemtoa panya kwa mkia, akakitazama mbele na nyuma, akasema kumbe ndiyo haya, kumbe wazee wa kuchorwa ndio wamemharibu mtoto macho mpaka vijana wa watu hawaoni. Mchagua jembe si mkulima, akaongeza, akaondoka amekasirika.

Wiki chache baadaye akarudi ametabasamu, na hapo Redio angepaswa kuogopa. Shangazi hakuwa amesoma hata mstari mmoja wa vitabu vile. Alikuwa amelisoma jalada, tena kama mtu anavyosoma agizo la dukani, akaenda kulitimiza. Mwanamume wa makamo? Yupo. Ndevu zenye mvi? Zipo. Mfiwa, mwenye mtoto wa kike wa miaka sita? Yupo naye. Mwenye duka la vifaa vya ujenzi, mtu wa heshima zake, asiyelewa. Sasa utasema nini tena, akauliza shangazi.

Mwenye duka alipita siku moja kwenye lile duka la matairi chini ya karakana, kwa kisingizio cha tairi. Wanawake wote walikimbilia madirishani na sindano mikononi. Alikuwa mrefu, ametulia, anasikiliza kabla ya kujibu. Mama Pacha akasema huyu ametoka jaladani huyu, wamesahau tu kumrudisha. Na tuseme kweli, kwa sababu Redio mwenyewe hakuikana: moyo ulimruka. Si aibu. Ikiwa mtu amesoma habari za mvua miaka yote, siku ikinyesha atatoa mkono dirishani.

Jumapili yake wakaenda kumtembelea, yeye na shangazi. Nyumba ilikuwa safi, makochi bado yana nailoni zake, na mwenye duka aliwapokea vizuri. Alizungumza kuhusu marehemu mkewe kwa heshima, akazungumza kuhusu upweke bila kujionea huruma. Redio alikaa akamtazama mikono, kwa sababu vitabuni mikono ndiyo inayosema. Ilikuwa mikono mizuri. Ilikuwa imetulia juu ya magoti, na kwa muda wote aliokaa pale haikufanya kitu.

Mtoto akaingia. Kifungo cha juu cha gauni lake kilikuwa kimekatika, amekishika ndani ya ngumi, na gauni linamtoka begani. Akaenda moja kwa moja hadi kwenye goti la baba yake, akafungua kiganja. Mwenye duka, bila kukatiza sentensi yake, akasema, "Nenda kwa dada." Dada alikuwa msichana wa kazi, na dada alikuwa ametumwa dukani. Mtoto akaenda jikoni, akarudi, akasimama tena palepale na kiganja kilekile. Baba yake akamtabasamia shangazi, akasema mnaona wenyewe, huyu anahitaji mtu, na mimi nimechoka, nahitaji mtu wa kunipokea huu mzigo.

Shangazi akaitikia kwa kichwa. Redio akamuuliza mwenye duka swali moja tu: mtoto hulala na taa au bila taa? Akacheka kwa upole, akasema hayo ni mambo ya dada, dada ndiye anayejua. Hakuwa mtu mbaya. Alimlipia mtoto kila kitu na hakumwinulia mkono. Alikuwa tu hajawahi kuuliza.

Fundi wa vifungo hatembei bila sindano. Redio alikuwa na yake kwenye pindo la blauzi, uzi ukiwa tayari. Akamwita mtoto, akakichukua kile kifungo kilicholowa jasho la kiganja, akakishona mtoto akiwa amesimama katikati ya magoti yake, ameinua kidevu, hapumui. Alipoinama kukata uzi kwa meno, mtoto akamnong'oneza sikioni kwamba yeye hulala na taa, lakini iwe ya ukumbini, mlango uachwe wazi kidogo. Redio akamwambia amesikia.

Hapo ndipo shangazi alipokosea, na ni kosa ambalo mtu mwingine yeyote angelifanya. Aliiona sindano, akamwona mtoto katikati ya magoti, akaona amekwisha kupata jibu. Njiani hakusema neno, alikuwa anahifadhi pumzi. Usiku haujaingia ukoo mzima ukawa na habari: amekubali, tena kwa vitendo, amemshonea mtoto nguo mbele ya baba yake. Mwenye duka akaambiwa Jumamosi ataletewa jibu rasmi.

Jumatatu karakana ilimpokea Redio kwa vigelegele. Aliwaambia hajakubali. Bibi Pindo akamtazama juu ya miwani, akauliza, basi kwa nini alishona?

"Kifungo kilikuwa kimekatika," alisema Redio.

Wakacheka wote, kisha wakanyamaza walipoona hacheki. Mama Pacha alimkumbusha kwamba mwanamume wa namna ile hatokei mara mbili, na kwamba vitabu ni vitabu. Hakuwa na nia mbaya, alikuwa anasema anachokiamini. Redio akafungua ukurasa walipoishia, akasoma, lakini siku ile alisoma vibaya, na Bibi Pindo akamwambia apumzike.

Wiki ile yote alikuwa na hasira, na hasira ilikuwa na hofu ndani yake. Shangazi alikwisha kutuma neno: akikataa sasa atakuwa ameutia ukoo aibu, na yeye shangazi hatakanyaga tena nyumba ile. Hilo Redio angeweza kulibeba. Asichoweza kukibeba ni picha nyingine. Aliijua tangu utotoni, angeweza kuieleza akiwa amefumba macho: shangazi anasema, baba anainuka, mlango wa uani unalia, spana inagonga chuma. Safari hii baba akienda kukaza bomba, yeye ataozwa huku ametulia, au atakataa peke yake na kuishi na baba ambaye hakuwa upande wake. Hakujua lipi baya zaidi.

Jumamosi walikuja alasiri, shangazi pamoja na baba mdogo, ambaye huletwa kwenye mambo kama haya ili kukohoa. Ilikuwa majira ya shule kufunguliwa, wafanyakazi wa karakana walikuwa wamepewa kazi za nyumbani, na juu ya meza kulikuwa na robota la mashati meupe yasiyo na vifungo. Shangazi alilisogeza kando. Kisha akaenda kwenye rafu na kuvipakua vitabu vyote ndani ya mfuko wa sandarusi aliokuja nao. Alisema amekwisha kuongea na muuza karanga wa njia panda, atavichana vya kufungia. Mke wa mtu hana haja navyo. Alichokuwa anakitafuta humo amekipata.

Redio akasema hajakubali kuwa mke wa mtu.

Shangazi akasema amekubali mbele ya macho yake. Redio akasema alishona kifungo, na asubuhi hii amempigia mwenye duka simu yeye mwenyewe, amemwambia hapana, kwa hiyo hakuna jibu lililobaki la kupelekwa. Baba mdogo akakohoa. Baba, kwenye kiti chake karibu na mlango wa uani, hakuinua macho.

 Shangazi aliyasema yote. Kiburi. Umri unaokwenda. Mwanamume aliyetafutwa kwa jasho, sawasawa na alivyomtaka, mvi kwa mvi. Na mtoto wa watu, yatima, aliyekwisha kumpenda, atakosa mama kwa sababu mtu mmoja anaona maisha ni kitabu.

Neno la mtoto lilimchoma Redio, kwa sababu alikuwa amelifikiria kila usiku wa wiki ile. Alisimama. Alisema yeye hakumkataa mtoto yule, wala hawezi kumkataa. Ana baba, mzima wa afya, mwenye mikono miwili. Mwanamume aliyemtafuta yeye hakumtafutia mtoto mama, alijitafutia njia ya kutomjua mtoto wake. Na kwenye simu alimwambia hivyo, kwa adabu, akamwambia na lile la taa.

"Akasemaje?" aliuliza baba mdogo, akasahau kukohoa.

Redio alisema mwenye duka aliuliza swali moja tu: taa ya chumbani au ya ukumbini? Akamjibu akamuulize mtoto mwenyewe.

Shangazi akasema haya ni mambo ya vitabu. Msichana mzima amekaa anajiota yuko mlangoni kwa mzee mwenye mali, na mzee akija kweli, anamkimbia.

"Mmekosea mtu, shangazi," alisema Redio. "Mmedhani nikisoma najiona yule msichana wa mlangoni. Sijawahi kuwa yule msichana. Mimi ni yule mtoto aliyeshikwa mkono."

 Shangazi alikuwa na mfuko mkononi na alianza kuelewa mazungumzo yanakwenda wapi, kwa sababu aliangalia upande wa kaka yake mara moja, haraka, kisha akaangalia sakafu.

Zamani, Redio akiwa mdogo, alikuwapo mwalimu wa chekechea. Alikuwa na miaka ishirini na kitu, baba amevuka arobaini. Alianza kwa kulalamika kwamba mafundo ya mtoto yanafumuka kabla ya saa ya kucheza, akaishia kuja nyumbani Jumamosi na chanuo kumwonyesha baba namna ya kugawa nywele. Redio alikaa chini, kwenye mkeka, na kichwani kwake ndipo mahali mikono yao ilipokutana. Aliwasikia juu yake wakicheka kwa sauti ndogo. Baba alikuwa akicheka. Baba alikuwa akiongea, sentensi nzima, moja baada ya nyingine. Jumamosi baada ya Jumamosi mtoto aliomba asukwe mistari mingi zaidi ili ichukue muda.

Kisha shangazi akaja. Alisema maneno yake sebuleni, mwalimu akiwa bado ameshika chanuo: "Mdogo wangu, unaoa, au unaongeza mtoto wa pili?" Alisema watu watacheka. Alisema umri ule ni aibu. Baba akainuka akaenda kukaza bomba. Aliporudi mwalimu hakuwapo, na muhula uliofuata alikuwa amehamia shule nyingine. Redio alikaa mlangoni na chanuo Jumamosi nyingi, nyingi kuliko alivyomwambia mtu yeyote.

Sasa aliyasema, na aliyasema kwa ile sauti yake ya karakana, bila kupaza.

"Siku ile miaka ilikuwa aibu," alisema. "Leo mwenye miaka ana duka, miaka imekuwa busara. Kwenye vitabu vyangu, shangazi, watu wanasema vilevile ulivyosema wewe. Wanasimama sebuleni vilevile. Lakini hakuna hata kimoja ambacho shangazi anashinda. Ndiyo maana navisoma. Nitavisoma mpaka macho yaishe, na sitavifunika gazeti."

Shangazi alisema, kwa sauti iliyokuwa imepungua, kwamba alimwokoa kaka yake na maneno ya watu.

"Ulimwokoa na mtu aliyempenda."

Baba mdogo akamgeukia baba, akasema kaka, hebu sema neno. Kiti cha baba kikalia. Ameinuka. Redio aliona ni kuinuka kulekule kwa siku zote, mkono mmoja gotini, uso umeelekea mlango wa uani. Shangazi naye alimwona, na mabega yake yakalegea, maana aliujua mwendo ule kuliko mtu yeyote.

Baba alifika mlangoni. Akausukuma ukafunga. Kisha akarudi mpaka mezani, akavuta kiti, akatafuta miwani mfukoni, akaivaa. Alichukua shati la juu kwenye robota, akalitandaza mapajani.

"Dada," alisema, "safari ile nilitoka nikaenda kufunga bomba. Halikuwa linavuja. Leo sitoki."

Akanyoosha mkono kuomba sindano. Redio akaichomoa kwenye pindo la blauzi, akampa, na uzi ukachomoka tunduni.

"Si ndivyo mnavyosema kazini, anayesoma hashoni?" alisema baba. "Basi soma, mwanangu. Vifungo niachie mimi."

Akasema na jingine, bila kumtazama mtu, amekazia macho tundu la sindano: dada akitaka kukaa akae, akitaka kwenda aende, ila mfuko abakishe.

Shangazi aliuweka mfuko chini. Hakuutupa, aliuweka, na kwa mara ya kwanza Redio alimwona ni mwanamke mzee. Alichukua mkoba wake, akaenda mlango wa mbele, akainama kuvaa viatu. Vilikuwa viatu vya kamba. Baba mdogo hakumfuata, alikuwa amekaa vizuri zaidi kwenye kochi.

Redio akatoa kitabu cha juu, kile chenye jalada la msichana anayesita. Hakuanza mwanzo. Alitafuta ukurasa anaoujua, ule ambao watu wamesema yote ya kusema na mwanamume amebaki sebuleni na mtoto wake. Kifungo cha kwanza cha baba kilikwenda upande, kimeegemea kushoto kama yale mafundo matatu ya zamani, akakifungua akaanza upya. Redio akasoma, akapandisha sauti kidogo ili imfikie aliye mbali. Alisoma mpaka msichana alipoacha kusita, akaingia ndani, na mtoto akasogea kumpisha kwenye kochi. Mlangoni, shangazi alikuwa bado anafunga kamba za viatu.